Nani Alilipa Nauli ya Bingwa? Ligi Kuu ya Kenya Tangu 1963, Ikitazamwa kutoka Illasit

Illasit iko mpakani kabisa. Ukivuka kizuizi umefika Tarakea, wilaya ya Rombo, Tanzania. Na upande huu nao ni Rombo, katika kaunti ya Kajiado. Kufika Nairobi kwa njia ya Emali ni safari ya zaidi ya kilomita 200, na Moshi iko karibu kuliko jiji letu kuu. Ndiyo maana mpenzi wa kandanda wa hapa hukulia katikati ya ligi mbili. Jirani wa ng'ambo atamuuliza kama ni Simba au Yanga, na ndugu aliyeko Kitengela atamuuliza kama ni Gor Mahia au AFC Leopards. Katika ligi zote mbili hakuna timu ya nyumbani ya kuishangilia ikiwa bingwa.

Kwa nini Kajiado haijawahi kutoa bingwa wa Kenya? Vipaji viko, na vijana wanaokimbiza mpira jioni ni wengi kila kituo cha biashara. Jibu limo ndani ya orodha ya mabingwa yenyewe, mradi tuisome kwa mfululizo tangu mwanzo. Tukifanya hivyo tunaona kwamba taji la Kenya limemfuata yule aliyeweza kubeba gharama za timu: viatu, nauli, chakula cha safarini, na kazi ya kumweka mchezaji mjini. Mbebaji huyo amebadilika mara kadhaa katika miaka 60, na kila alipobadilika, bingwa naye alibadilika.

1963–1967: Miji yatangulia, vyama vyafuata

Kandanda ya ushindani ilikuwapo muda mrefu kabla ya uhuru. Tangu 1926 Kenya na Uganda zilikuwa zikigombea Kombe la Gossage, lililotolewa na mtengenezaji wa sabuni, na baadaye Tanganyika na Zanzibar zikaingia. Lakini hayo yalikuwa mashindano ya timu za nchi. Ligi ya vilabu ya taifa zima ilianza 1963, mwaka ule ule bendera mpya ilipopandishwa.

Bingwa wa kwanza alikuwa Nakuru All-Stars. Nakuru ulikuwa mji wa reli na kitovu cha mashamba makubwa ya Bonde la Ufa, na timu yake ilikuwa ya mji, kama jina lake lilivyosema. Mwaka 1964 Luo Union wakalitwaa taji, na 1965 likashuka hadi Mombasa kwa Feisal. Misimu mitatu, mabingwa watatu. Mtu angedhani ligi hii itakuwa ya miji kushindana, kila mji na zamu yake.

Haikuwa hivyo. Feisal ndiyo klabu ya kwanza na ya mwisho ya Pwani kutwaa ubingwa wa Kenya. Bandari walifika nafasi ya pili mwaka 2018, wakarudia msimu wa 2018/19, na hapo ndipo Pwani ilipofika karibu zaidi tangu Feisal.

Kilichobadilisha mkondo ni maisha ya watu waliohamia Nairobi kutafuta kazi. Mgeni aliyeshuka kwenye gari la moshi akitoka Kisumu au Butere alihitaji pa kulala, mtu wa kumwonyesha kazi, na watu wa kumsafirisha nyumbani kama angefia mjini. Vyama vya jamii ndivyo vilivyofanya mambo hayo, kwa michango ya wanachama. Timu ya mpira ikawa tawi la chama: mchango uliokwisha kuzoeleka kwa matanga na karo ulitosha pia kununua jezi. Luo Union, mabingwa wa 1964, walibeba jina la chama moja kwa moja.

Mwaka huo huo wa 1964 Waluhya walifanya hatua ambayo ingeamua sura ya ligi. Timu zao ndogo zilizokuwa na majina ya maeneo ya nyumbani, kama Marama, Kisa, Bunyore na Samia, ziliunganishwa kuwa moja: Abaluhya. Kabla ya hapo nguvu zilikuwa zimetawanyika, kila eneo na wachezaji wake na mashabiki wake. Baada ya hapo mtu wa Marama na mtu wa Samia walilipa kiingilio kwenye lango moja, kwa timu moja. Taji likaja 1966, likaja tena 1967.

Nyota wa kikosi hicho alikuwa Joe Kadenge. Sauti ya mtangazaji Leonard Mambo Mbotela ilimfikisha Kadenge kwenye redio za vijiji ambavyo havikuwahi kuona uwanja wenye majukwaa. Kwa wengi waliokuwa mbali na Nairobi, Ligi ya Taifa ilikuwa jambo la kusikiliza, na bingwa alikuwa yule ambaye jina lake lilitajwa mara nyingi zaidi hewani.

1968–1979: Gor Mahia yazaliwa, kiwanda cha bia chaingia

Muungano wa Waluhya uliwafundisha wapinzani wao. Tarehe 17 Februari 1968 Gor Mahia iliundwa kutokana na wachezaji na viongozi waliotoka Luo Union na Luo Stars, ikachukua jina la mganga mashuhuri wa simulizi za Waluo. Msimu huo wa kwanza tu ikawa bingwa. Ushindani wa Gor na Abaluhya, ambao mashabiki waliuita wa mashemeji, ukawa ndio uti wa mgongo wa ligi.

Luo Union haikufa kwa kuzaliwa Gor. Ilitwaa taji la 1975, kisha ikashinda Kombe la Vilabu la Afrika Mashariki na Kati mwaka 1976 na 1977. Gor nao waliumaliza msimu wa 1976 wakiwa mabingwa bila kupoteza mechi hata moja. Jamii moja ilikuwa na nguvu za kulisha timu mbili za kiwango cha juu kwa wakati mmoja, jambo linaloonyesha jinsi michango ya miaka ile ilivyokuwa na uzito.

Wakati huo huo aina nyingine ya klabu ilikuwa inakua. Kenya Breweries, timu ya kiwanda cha bia, ilitwaa taji la 1972, kisha 1977 na 1978. Tofauti yake na Gor au Abaluhya ilikuwa kwenye mshahara. Mchezaji wa klabu ya jamii aliitumikia timu huku akitafuta riziki kwingine, na malipo yake yalitegemea watu wangapi wamekuja uwanjani Jumapili. Mchezaji wa Breweries alikuwa mwajiriwa. Aliumia goti akabaki na kazi. Alistaafu mpira akabaki na kazi. Kijana mwenye kipaji na wazazi wa kuwatunza hakuhitaji kuelezwa mara mbili.

Mfumo huo ulisambaa nchi nzima. Bata walikuwa na timu Limuru, Rivatex Eldoret, kiwanda cha karatasi Webuye, kiwanda cha sukari Mumias, na Wizara ya Ujenzi ilikuwa na MOW. Orodha ya ligi ikaanza kufanana na ramani ya viwanda. Mji wenye kiwanda uliweza kuwa na timu ya daraja la juu; mji wa mifugo na soko ulikuwa na uwanja wa vumbi na vijana hodari, lakini bila mtu wa kulipa nauli ya kwenda Kisumu na kurudi kila wiki ya pili.

Sehemu kubwa ya Kajiado ilikuwa upande huo wa pili. Utajiri wake ulikuwa ng'ombe, na ng'ombe hakuwa na idara ya michezo. Huku kusini, chini ya Kilimanjaro, ukulima wa nyanya na vitunguu ulileta pesa za msimu, ambazo huingia mikononi mwa watu mmoja mmoja na kutoka upesi. Klabu ya ligi inataka pesa inayoingia kila mwezi, mvua inyeshe isinyeshe.

1980–1987: Majina yafutwa, Afrika yafikiwa

Mwaka 1980 serikali ya Rais Daniel arap Moi ilipiga marufuku vyama vya kikabila, na agizo likagusa viwanja. Abaluhya wakawa AFC Leopards. Luo Union wakawa Reunion. Gor Mahia waliendelea kujulikana kwa jina lao.

Agizo lilibadilisha jezi na barua za klabu, lakini mashabiki walibaki wale wale. Leopards walichukua ubingwa 1980, 1981 na 1982; Gor wakajibu kwa 1983, 1984 na 1985. Kwa miaka 6 hakuna mtu wa tatu aliyeruhusiwa kukaribia meza. Kwenye Kombe la Vilabu la Afrika Mashariki na Kati ilikuwa hivyo hivyo: tangu Abaluhya waliposhinda 1979 hadi Gor waliposhinda 1985, kombe hilo halikutoka mikononi mwa Wakenya kwa miaka 7 mfululizo.

Hata hivyo marufuku yale yalikata mzizi mmoja. Chama kilichokuwa nyuma ya timu, chenye wanachama waliolipa ada na viongozi waliowajibika kwa wanachama hao, hakikuwapo tena kisheria. Klabu ilibaki na umati, ikapoteza daftari la wanachama. Kuanzia hapo mapato ya Gor na Leopards yalitegemea lango la uwanja na mfuko wa mwanasiasa au mfanyabiashara aliyekuwa mwenyekiti. Madhara yake hayakuonekana mara moja, kwa sababu umati wenyewe ulikuwa mkubwa mno.

Nguvu ya umati huo pia ilivuta vipaji kutoka kila pembe. Mlinda lango Mahmoud Abbas, aliyeitwa Kenya One, alitoka Mombasa akang'arisha jina lake akiwa na Leopards. Abbas Magongo, mtoto wa Mombasa pia, alivaa jezi ya Gor. Hapa ndipo unapoona kwa nini Pwani haikurudia ya 1965: iliendelea kuzaa wachezaji wa kiwango cha ubingwa, na Nairobi ikaendelea kuwachukua.

Kilele kilikuwa 1987. Gor walifika fainali ya Kombe la Washindi la Afrika dhidi ya Espérance ya Tunisia. Mkondo wa kwanza, Tunis, ulimalizika 2–2. Marudiano yalichezwa Nairobi tarehe 5 Desemba katika uwanja wa Kasarani, uliokuwa umefunguliwa mwaka huo huo kwa Michezo ya Afrika Nzima. Nahodha alikuwa Austin Oduor, ngome ikishikiliwa na Bobby Ogolla, na mbele akiwa Peter Dawo, mfungaji hatari kuliko wote katika shindano hilo. Matokeo yakawa 1–1. Jumla ilikuwa 3–3, lakini Gor walikuwa na mabao 2 ya ugenini dhidi ya 1 la wageni. Kwa hesabu hiyo, dakika za mwisho zilikuwa za kulinda tu: bao moja zaidi la Espérance lingelipeleka kombe Tunis. Halikuingia. Hakuna klabu nyingine ya Kenya iliyotwaa kombe la Afrika hadi leo. Gor walikuwa pia mabingwa wa nyumbani mwaka huo.

1988–2002: Zama za mwajiri

Baada ya kilele hicho ligi iliendelea kwa mazoea kwa miaka michache. Leopards walishinda 1988, 1989 na 1992. Gor walishinda 1990, 1991, 1993 na 1995. Lakini chini ya mazoea hayo msingi ulikuwa unaliwa. Uchumi wa miaka ya 1990 ulibana mifuko ya mashabiki, shilingi ilishuka thamani, na uchaguzi wa viongozi wa vilabu ukageuka vita visivyokwisha. Klabu isiyo na daftari la wanachama haina namna ya kumaliza ugomvi wa nani mwenye klabu.

Mlipa mshahara akachukua nafasi. Kenya Breweries walishinda 1994, wakafika fainali ya Kombe la Washindi la Afrika mwaka huo, wakashinda ligi tena 1996. Mwaka 1997 taji lilikwenda kwa Utalii, timu ya chuo cha mafunzo ya hoteli. Leopards walilirudisha 1998, na hadi 2025 hawakulishika tena. Breweries, sasa wakiitwa Tusker, wakalichukua 1999 na 2000. Mwaka 2001 na 2002 bingwa akawa Oserian Fastac, timu ya shamba la maua la Naivasha.

Tuitazame Oserian kwa makini, maana inaeleza zama zake. Maua ya waridi yalikatwa, yakafungwa, yakapelekwa kwa ndege kwenye masoko ya Ulaya, na sehemu ya fedha zile ikarudi kwenye uwanja wa kampuni kando ya Ziwa Naivasha. Haikuhitaji mashabiki elfu 20. Ilihitaji uamuzi wa menejimenti. Na kwa kuwa ilisimama juu ya uamuzi wa menejimenti, haikudumu: miaka michache baada ya mataji mawili haikuwamo tena kwenye ligi.

Hilo ndilo deni la mfumo wa mwajiri. Klabu ya kampuni hupanda haraka na huzimika kwa barua moja ya wakurugenzi. Viwanda vilipobinafsishwa au kudidimia, timu zilikuwa miongoni mwa vitu vya kwanza kukatwa kwenye bajeti. Katika misimu 17 kuanzia 1996 hadi 2012 Gor na Leopards kwa pamoja walipata taji 1 tu, lile la 1998, lakini majina yao hayakupotea. Oserian walipata mawili wakapotea.

2003–2012: Jeshi, mgawanyiko, na mwanzo mpya

Ugomvi wa vilabu na shirikisho la KFF ulipasuka hadharani mwaka 2003. Vilabu viliunda kampuni yao ya kuendesha ligi, Kenyan Premier League Limited, vikitaka mapato na ratiba ziwe mikononi mwao. FIFA iliisimamisha Kenya mwaka 2004, na ikaisimamisha tena Oktoba 2006.

Katikati ya vurumai hiyo bingwa alikuwa Ulinzi Stars, timu ya wanajeshi iliyoundwa 1995: 2003, 2004 na 2005. Haikuwa bahati. Wakati vilabu vingine havikujua kama ligi itachezwa au nani atalipa waamuzi, mchezaji wa Ulinzi alikuwa askari mwenye mshahara, makazi, gari la kusafiria na nidhamu ya mazoezi. Pale taasisi za mpira zilipoyumba, taasisi isiyoyumba ilishinda. Mwaka 2006 SoNy Sugar ya Awendo, timu ya kiwanda cha sukari, ikawapokonya.

Kampuni ya vilabu iliposhika usukani baada ya hapo, ratiba ilitulia, SuperSport wakaanza kuonyesha mechi, na orodha ya mabingwa ikapanuka. Tusker walishinda 2007. Mwaka 2008 ilikuwa zamu ya Mathare United, na taji hilo linastahili kusimuliwa kikamilifu.

Mathare United ilitokana na MYSA, chama cha michezo cha vijana kilichoanzishwa 1987 katika mitaa ya mabanda ya Mathare na Bob Munro, raia wa Kanada. Kanuni yake ilikuwa ya pekee: timu ya watoto iliyotoka kusafisha mitaro na kuzoa taka mtaani iliongezewa pointi kwenye jedwali la ligi yao. Usipofanya kazi ya mtaa, ushindi wako uwanjani hautoshi kukufanya bingwa. Watoto waliokulia kwenye kanuni hiyo waliunda Mathare United mwaka 1994, na kutoka humo alipita Dennis Oliech kabla ya kwenda nje. Chini ya kocha Francis Kimanzi, ubingwa wa Kenya ukafika Mathare. Hakukuwa na kiwanda wala kambi ya jeshi nyuma yake. Kulikuwa na mpango uliofuatwa kwa miaka 21.

Mwaka 2009 Sofapaka, klabu ya Elly Kalekwa mwenye asili ya Kongo, ilipanda daraja na kuwa bingwa msimu wake wa kwanza, chini ya kocha Robert Matano. Ulinzi wakarudi 2010. Tusker wakachukua 2011 na 2012, na ule wa 2012 uliamuliwa siku ya mwisho: Gor, waliokuwa wamengoja tangu 1995, walipitwa kwa pointi 1.

2013–2020: Kijani kila mahali

Pigo la 2012 liliwaamsha Gor badala ya kuwavunja. Mwaka uliofuata, chini ya Bobby Williamson, walitwaa ubingwa baada ya miaka 18. Umati wa kijani, rangi ya Gor, ulirudi. Walishinda tena 2014, na 2015 chini ya Frank Nuttall wakamaliza mechi 30 bila kufungwa hata moja, jambo ambalo klabu hiyo ilikuwa imelifanya mara ya mwisho 1976. Michael Olunga, aliyekuwa tegemeo la mashambulizi yao, aliuzwa Sweden baada ya msimu. Tusker walichomeka taji la 2016, kisha Gor wakafuatanisha manne: 2017, 2018, 2018/19 na 2019/20, la mwisho likiwa la msimu uliosimamishwa na korona.

Mbebaji wa gharama wa zama hizi alikuwa mdhamini, na hasa kampuni ya kamari ya SportPesa, iliyodhamini ligi na pia jezi za Gor na Leopards. Kampuni hiyo ilidhamini vilabu vya Tanzania vilevile, na hapo ligi zetu mbili zikakutana uso kwa uso. Mwaka 2018 Gor waliifunga Simba 2–0 mjini Nakuru katika fainali ya kombe la mdhamini huyo, wakapata tiketi ya kucheza na Everton huko Uingereza. Baada ya fainali hiyo Meddie Kagere, mshambuliaji wa Gor, alihamia Simba, na msimu uliofuata akawa mfungaji bora wa Tanzania. Francis Kahata akamfuata 2019, Joash Onyango 2020. Gor walishinda kombe, Simba wakachukua wachezaji.

Mwaka 2019 serikali ya Kenya ilibana kampuni za kamari na mdhamini akajiondoa. Vilabu vilibaki na mishahara ya miezi bila kulipwa. SoNy Sugar, bingwa wa 2006, ilifukuzwa kwenye ligi kwa kushindwa kufika kwenye mechi zake. Bingwa wa zamani alikosa nauli.

2021–2025: Tusker, FIFA tena, na polisi

Shirikisho la kandanda, ambalo sasa huitwa FKF, lilichukua uendeshaji wa ligi mwaka 2020. Tusker ya Matano ilishinda msimu wa 2020/21. Novemba 2021 Wizara ya Michezo ilivunja uongozi wa FKF, na Februari 2022 FIFA ikaifungia Kenya. Ligi iliendelea chini ya kamati ya muda, na nusura izae bingwa mpya kabisa: Kakamega Homeboyz walimaliza na pointi 63 sawa na Tusker, wakakosa taji kwa tofauti ya mabao. Tusker nao hawakuweza kwenda Afrika, kwa sababu ya kifungo kilichoondolewa Novemba mwaka huo.

Gor, chini ya Johnathan McKinstry, walishinda 2022/23 na 2023/24, wakafikisha mataji 21. Wakati huo Tusker walikuwa na 13, Leopards 12. Kisha msimu wa 2024/25 bingwa akawa Kenya Police, chini ya kocha Mrundi Étienne Ndayiragije, kwa mara ya kwanza. Klabu hiyo ilikuwa imepanda Ligi Kuu mwaka 2021 tu. Kwa aliyefuata historia hii tangu Ulinzi wa 2003, ushindi wa polisi haushangazi: mdhamini alikuwa amekimbia, shirikisho lilikuwa limepitia kifungo, na timu yenye mshahara wa serikali ikapanda juu.

Kajiado katika orodha hii

Kutoka Illasit tofauti ya ligi mbili inaonekana kwa macho, kwenye runinga za mikahawa. Mwaka 2021 kampuni ya Azam ya Tanzania walinunua haki za kuonyesha Ligi Kuu ya Tanzania kwa TSh bilioni 225.6 kwa miaka 10. Mwaka 2023 Azam hao hao walitia sahihi na FKF mkataba wa miaka 7 wa dola milioni 9.1. Kwa mwaka mmoja, ligi ya ng'ambo ya kizuizi ilithaminiwa mara kadhaa zaidi ya yetu. Sababu ni kwamba Simba na Yanga zilitunza wanachama wao kwa vizazi, na Azam ikawekeza katika klabu yake yenyewe iliyokuwa bingwa 2013/14 bila kupoteza mechi. Kule mfadhili, mwanachama na mtangazaji wamekaa pamoja. Kwetu wamekuwa wakipokezana, mmoja akiingia mwingine ametoka.

Hilo ndilo somo ambalo Kajiado inaweza kulitumia, kwa sababu mambo mawili yamebadilika tangu zama za viwanda. Kwanza, watu. Sensa ya 2019 ilihesabu zaidi ya milioni 1.1 katika kaunti, na Kitengela na Ongata Rongai ni miji mikubwa kuliko Awendo, iliyotoa bingwa wa 2006. Wakazi wake wengi wana mshahara na tayari hulipa kwenda kumshangilia bingwa wa mtu mwingine Nairobi. Pili, mchango. Ada ya mwanachama, iliyokuwa ikikusanywa kwa daftari na mkono, sasa hutumwa kwa simu kutoka Illasit, Kimana au Kitengela kwa dakika moja, na kila senti hubaki kwenye kumbukumbu.

Mwaka 2027 Kombe la Mataifa ya Afrika linakuja Kenya, Tanzania na Uganda. Viwanja vitatengenezwa Nairobi, na Kajiado haitapata ubingwa kwa kukaa karibu navyo. Itaupata kwa njia ya Mathare: ligi ya watoto inayochezwa kila wiki kuanzia Rombo hadi Kitengela, klabu moja ya kaunti badala ya timu ndogo kumi zinazogombania wachezaji, wanachama waliosajiliwa wanaolipa kila mwezi, na mwajiri anayeingia akikuta nyumba imeshasimama. Abaluhya walihitaji miaka 2 kutoka muungano hadi taji, Mathare miaka 21. Hata tukichukua muda ulio mrefu zaidi kati ya hiyo miwili, mtoto anayezaliwa Illasit mwaka huu atakuwa na umri wa kucheza katika timu hiyo. Kazi ya kumwandalia ni ya watu wazima wa sasa, na inaanza na ada ya mwezi wa kwanza.